Kichuguu Ambacho Sikukichora

Lubumbashi, Jumapili ya kwanza ya Oktoba, mchana. Leo ni miaka ishirini na minne na miezi saba tangu nitoke Kambove.

Mama Ngoie, binti yangu,

Umekwenda Katuba kuwaaga shangazi zako, na najua hawatakuachia kabla hujamaliza sahani mbili za bukari. Nina meza peke yangu mpaka jioni. Sitakuandikia habari za chandarua wala za kuchemsha maji. Umri wa kukumbushwa hayo umekwisha kupita.

Alhamisi uliniuliza swali moja: "Papa, ule wino ulikuwa wa nani?" Nilitoka nje kumwagilia lengalenga ambazo wewe mwenyewe ulikuwa umezimwagilia asubuhi, nikasimama pale na ndoo mpaka ukachoka kuningojea. Barua hii ndiyo jibu. Kesho unakwenda kujenga ghala la baruti la ule mgodi mpya wa Kambove, na utalala nyumbani kwa Kalenga, baba yako wa ubatizo. Sitaki jibu hilo ulipate mezani kwake kabla hujalipata mezani kwangu.

Nianze na simu, maana huijui yote. Siku moja kabla ya swali lako ulikuwa unaoga, na simu yako ikalia hapa mezani. Kioo kikaandika "Parrain". Baba yako wa ubatizo ni mmoja tu, na jina lake halijatajwa katika nyumba hii tangu ulipokuwa unatambaa. Nikaipokea.

"Allô, mwana! Chumba yako iko tayari. Mama alishaweka rideau mupya ku dirisha. Utakuja na sakosi ngapi za nguo?"

Nikatazama mlango wa bafu.

"Ngoie? Uko?"

"Ni baba yake."

Nyuma ya sauti yake nikasikia kuku. Ni ajabu mambo ambayo mtu huyafikiri: nilifikiri, kumbe amefuga kuku.

"Desina," akasema. Hivyo ndivyo Kambove nzima ilivyoniita, kwa kuwa nilikuwa mchoraji wa ramani za majengo katika ofisi ya mgodi. Sikuwa nimelisikia jina hilo kwa robo karne. "Desina, nilimuambia akuambie. Miezi tatu namuambia, ambia papa yako. Anasema kesho. Kila siku kesho."

"Miezi mitatu?"

"Na weye ukuje naye. Tuko bazee sasa. Tuikale, tusemezane."

Nikakata. Ulipotoka bafuni nilikupa simu na kukuambia kwamba walikupigia kutoka Kambove. Hukuuliza ni nani. Hapo ndipo nilipojua kwamba ni kweli.

Miezi mitatu, mama. Jumapili zote hizo ulinimiminia chai, ukanisikiliza nikilalamikia bei ya unga na goti langu, na mfukoni ulikuwa na sauti ya mtu yule. Nilipokuuliza baadaye ulisema, "Papa, ningekuambia, ungekatala." Kweli ningekataa. Ungekwenda hata hivyo, nami ningekuwa nimekataa wazi, na wewe ungekuwa umekwenda wazi. Hicho ndicho nilichonyimwa. Nimekwisha kusalitiwa na watu wazima kwa sababu ndogo kuliko yako, lakini wewe uliniuma zaidi kwa kuwa nilidhani nyumba hii ndiyo mahali pekee ambapo sikuwa na haja ya kuangalia mgongo wangu.

Basi, wino.

Unaijua kazi hii kuliko nilivyoijua mimi, lakini niruhusu niiseme kwa maneno yangu. Jengo la kawaida hujengwa lisianguke. Ghala la baruti hujengwa likijua kwamba siku moja huenda likaruka, na kazi ya mchoraji ni kuamua liruke kwenda wapi. Ndiyo maana paa lake ni jepesi, bati tupu, ili nguvu ipande juu. Mlango wake hautazami watu. Kati yake na watu kuna umbali, na ndani ya umbali huo kuna tuta la udongo. Zege likivunjika, kila kipande chake huwa risasi. Udongo hupokea na kumeza. Na mlipuko hauhangaiki na ukuta mnene. Unatafuta pengo.

Mahali nilipopewa palikuwa na kichuguu. Ninyi mliokulia mjini mnaviona vichuguu vikiwa vimechimbwa nusu, kwa hiyo hamjui ukubwa wake. Kile kilipita urefu wa nyumba ya ghorofa, kipana kama kanisa, na juu yake palikuwa na mti mkubwa uliokuwa na umri mkubwa kuliko mgodi wenyewe. Kilisimama kati ya kiwanja na kambi ya wafanyakazi kana kwamba kuna mtu aliyekiweka kwa kipimo. Nilikipima siku mbili: kimo, unene, pembe ya mteremko. Hakuna tingatinga ambalo lingejenga tuta bora kuliko lile la mchwa. Nikaliweka ghala nyuma yake. Wakubwa walifurahi kwa kuwa kazi ilipungua, nami nilifurahi kwa kuwa nilijiona nina akili.

Kisha nikachora mchoro, na kichuguu sikukichora.

Usitafute sababu kubwa. Katika ofisi yetu tulichora kinachojengwa. Matuta ya pande tatu niliyachora kwa mistari mizuri, na vipimo vyake, kwa kuwa yalikuwa yajengwe. Upande wa nne, upande wa kambi, upande pekee uliokuwa na watu, niliuacha karatasi nyeupe. Nani huchora kilima? Kila mtu alikiona dirishani.

Badala ya kukichora nilimchukua Kalenga mpaka chini yake. Alikuwa mkuu wa kazi za ujenzi na rafiki yangu. Tulisoma pamoja kwa mapadri. Baba zetu wote wawili walishuka kutoka kaskazini kufanya kazi ya reli, na tulikuwa tukishiriki baiskeli moja. Nikaweka mkono kwenye ule udongo mgumu nikamwambia, "Hiki kisiguswe. Ghala linakiegemea hiki."

Alicheka. "Desina, nani anaweza kula mulima muzima? Weye unaogopaka hata kivuli yako."

"Nimekuambia."

"Nimesikia, patron. Nimesikia."

Mashahidi wetu walikuwa mchwa.

Katika miaka sita iliyofuata mengi yalibadilika. Kambi ilikua, watu wakahitaji nyumba, wakahitaji na kanisa, na wewe unajua hakuna udongo wa matofali katika nchi yetu unaoushinda ule wa kichuguu. Wapiga matofali walianza kukichimba kutoka upande wa kambi, na Kalenga ndiye aliyewapa ruhusa. Hawakuwa wezi. Walikuwa watu waliotaka watoto wao walale mahali pasipovuja. Walichimba kwa utaratibu, kidogo kidogo, wakiacha uso wa upande wa ghala na ule mti.

Kila wiki nilikwenda kukagua ghala. Nilipima joto, nikatazama kufuli, nikatembea juu ya matuta yangu matatu, nikatupa jicho kwenye kichuguu, nikaona mlima mzima na mti wake. Kwa upande wa pili kilikuwa kama jino lililooza, ganda tu. Sikuzunguka kwenda kuona. Nyumba za sisi wa ofisini zilikuwa ng'ambo nyingine ya mji, na kambini nilikuwa nikienda kwa misa za vifo na arusi, kwa njia ya barabara kuu. Miaka sita nilikagua usalama wa watu nikiwa nimesimama upande ambao hawakuwapo.

Mwaka wa kuzaliwa kwako tulikuwa na chumba kimoja na sebule. Siku moja, mama yako akiwa na mimba ya miezi saba, lori la mgodi liliingia uani likirudi nyuma, na Kalenga amesimama juu ya matofali kama askofu juu ya gari la maandamano.

"Desina, toka inje! Mutoto wako hatalala mu sanduku ya michoro!"

"Kalenga, haya yote ya nini?"

"Ya chumba. Zawadi ya parrain. Na zawadi ya parrain haiulizwake. Mama, muambie bwana yako afunge kinywa, alete maji ya kunywa."

Mama yako alicheka mpaka akakaa chini. Nami nikachukua matofali mawili nikayagonganisha. Yalilia kama kengele. Yalikuwa mekundu yenye mishipa myeupe. Ngoie, mimi ni mtu wa udongo. Nilijua pale pale kwamba yametoka kwenye kichuguu. Nikajiambia vichuguu ni vingi. Nilikuwa na swali mdomoni, dogo, la maneno mawili, na mke wangu alikuwa anacheka, na chumba nilikitaka. Nililimeza.

Ulikuwa na miezi mitatu ghala liliporuka. Ilikuwa Jumamosi ya Februari, saa tisa mchana, mvua kubwa ikianza. Wengine walisema ni radi. Wengine wakasema ni radi ya kutumwa na wakataja na aliyeituma. Tume ya uchunguzi iliandika kwamba chanzo hakikujulikana. Paa lilipanda juu kama nilivyotaka. Matuta matatu yalishika kama nilivyotaka. Upande wa nne, lile ganda na mti wake viliondoka kwa pamoja, na nguvu yote ikapita hapo.

Mama Odile, mke wa mlinzi, ndiye aliyekuwa akija kila asubuhi kukuogesha tangu ulipozaliwa, kwa kuwa bibi zako wote walikuwa mbali. Alichukua nguo zako kwenda kuzifua kwake kambini kwa sababu alikuwa na kamba ndefu. Saa ile alikuwa nje akizianua kabla mvua haijazifikia. Alikufa yeye na watu wawili wa mstari ule wa nyumba. Walinirudishia nguo zako kwenye beseni.

Chumba chako hakikupata hata ufa. Mama yako, apumzike, alikukumbatia humo ndani mpaka nilipofika. Udongo uliopaswa kusimama mbele ya Mama Odile ulikuwa umesimama kukuzunguka wewe. Hilo sikuwahi kumwambia mama yako. Alikufa akiamini kwamba chumba kile kilikuwa baraka.

Sasa sikia sehemu uliyoiuliza. Siku mbili baada ya mazishi niliingia ofisini mchana wakati wenzangu wamekwenda kula. Nikatoa mchoro kwenye droo. Nikatazama ule upande mweupe. Nikachukua kalamu yangu, nikachora kichuguu: mstari wa kukizunguka, vistari vya mteremko, kimo, na maneno "kisiondolewe". Tarehe ya chini niliiacha ile ile ya miaka sita nyuma. Wino ulikuwa wangu, mama. Mkono ulikuwa wangu.

Nilipoinua uso, Kalenga alikuwa mlangoni na kofia yake mkononi.

"Unafanya nini, Desina?"

"Ninaandika kilichokuwapo."

Alitazama karatasi kwa muda mrefu. Nilidhani anafikiri ninayofikiri: kwamba sote wawili tunajua ukweli, na karatasi imechelewa tu. Akavaa kofia akaondoka.

Mbele ya tume walimwuliza kwanza kama niliwahi kumwambia kichuguu kisiguswe. Alikuwa amevaa suti ile ile aliyoivaa kwenye ubatizo wako, na kofia yake mikononi. Alisema, "Hapana. Sikusikiaka hata siku moja." Wakamwuliza juu ya mchoro. Akasema, "Kile kichuguu kilichorwa juzi. Niliona kwa macho yangu." Kwa swali la kwanza alisema uongo, kwa la pili akasema kweli, na kweli yake ndiyo iliyoubeba uongo wake. Walisogeza karatasi dirishani. Hata mtu asiyejua kuchora aliona kwamba wino mmoja umefifia na mwingine bado unang'aa. Tangu hapo hakuna nililosema lililosikilizwa.

Niligeuka kuwatazama watu wa kambi. Walikuwa wamejaa mpaka nje. Kila mmoja alijua kichuguu kilikwenda wapi, na hakuna aliyefungua mdomo, kwa kuwa kila mmoja alikuwa na ukuta. Padri alikuwa na kanisa. Nami ningepaza sauti, niwaulize matofali yenu yametoka wapi? Wangeniuliza na mimi.

Nilifukuzwa kazi. Kalenga alibaki, akapanda cheo. Tuliondoka Machi, wewe mgongoni kwa mama yako. Watu husema "mkimbizi" kwa yule aliyevuka mpaka au ziwa. Kambove ni saa chache tu kwa gari, unapita Likasi, barabara siku hizi si mbaya. Nimeishi robo karne mbali na mahali ambapo ningeweza kufika kabla ya chakula cha mchana.

Ulikua ukisikia kwamba rafiki wa baba yako alimsaliti. Ni kweli. Sikukuambia kwamba mimi nilimpa kisu. Nilikuambia pia mara nyingi kwamba yamepita. Hayajapita, na sijamsamehe. Ninakuandikia wazi kwa sababu unaondoka na picha ya baba mpole, na mpole huyo angekudanganya.

Sasa mchoro wako. Wiki iliyopita uliuacha mezani ili niuone, nami nilisema ni mzuri. Ni mzuri. Paa ni sahihi. Mlango ni sahihi. Kile kibanda cha kujikinga cha wafyatuaji umekiweka mahali ambapo mimi nisingefikiri, na umefanya vizuri kukifunika udongo. Lakini upande wa kusini, kati ya ghala na nyumba za wafanyakazi, hukuchora tuta. Nilipokuuliza ulisema, "Papa, pale iko ile lundo ya zamani ya mabaki ya mugodi. Ni kubwa kuliko tuta yoyote."

Nilinyamaza wakati ule pia. Naona nimekuwa hodari wa kunyamaza.

Ngoie, watu wa Kambove wanachuja mabaki hayo kwa ungo na maji, wanatafuta shaba na kobalti iliyobaki. Kama si wao, kampuni yenyewe itayarudia siku moja na mashine zake. Lundo lile lina kitu ambacho watu wanakitaka, kama kichuguu kilivyokuwa nacho, na litaliwa kutoka upande ambao wewe huuoni. Usiegemeze uhai wa mtu kwenye kitu ambacho mtu mwingine anakihitaji. Jenga tuta lako mwenyewe, la udongo mbovu usiofaa kwa tofali wala kwa shaba, na ulichore. Kisha lichore na lile lundo, ingawa hulijengi. Chora kila kitu ambacho kisipokuwapo mtu atakufa. Watakucheka. Na kila mwezi kakague ukisimama upande wa wenye nyumba, penye kamba zao za nguo.

Ukikosea, na utakosea, ongeza kosa lako kwenye karatasi kwa rangi nyingine na tarehe ya siku ile ile. Nakala ya mchoro wako iko ndani ya bahasha hii. Nimechora tuta upande wa kusini kwa penseli nyekundu. Pembeni nimeandika tarehe ya leo na jina langu kamili, ili yeyote atakayeishika ajue nani aliongeza, na lini. Imenichukua asubuhi nzima, lakini mistari imenyooka.

Kuhusu Kalenga, sikukatazi kulala kwake. Wewe ni mtu mzima, na yeye alikushika kisimani pa ubatizo kabla ya haya yote. Kula chakula chake. Atakusimulia, na mengi yatakuwa kweli. Siku moja utakapokuwa naye barazani, mwulize mbele ya mke wake kama alinisikia pale chini ya kichuguu. Usimwambie kwamba nimekutuma. Mtazame tu mikono. Alikuwa akishika kofia yake alipokuwa anadanganya, na labda bado.

Nyumba yetu ya zamani sijui kama ipo. Kama ipo, kile chumba cha nyuma, gonga ukuta wake. Kisha nenda makaburini, upande wa wanawake, umtafute Mama Odile. Umwambie wewe ndiye mtoto wa zile nguo.

Kesho nitakupeleka mpaka kituoni, na begi zito nitalibeba mimi, usibishane. Ulisema nafasi ya pili ndani ya gari umekwisha kunishikia, kwa matumaini. Mpe abiria mwingine. Mimi Kambove sirudi.

Baba yako